Neno Likishavuka Mpaka: Ulimi, Uongo na Ndoa za Busia na Malaba

Wahenga walinena kwamba heri kujikwaa dole kuliko kujikwaa ulimi. Methali hii imefunzwa madarasani kwa miaka na mikaka, aghalabu kwa lengo la kumwasa mtoto anyamaze mbele ya wakubwa. Ni nadra, hata hivyo, kwa mwanafunzi wa Kiswahili kuulizwa swali la pili linalojificha ndani ya methali hiyo: je, anayenyamaza naye hajikwai? Swali hili lina uzito wake popote pale watu wawili wanapoishi chini ya paa moja, lakini uzito huo huzidi maradufu katika miji ya Busia na Malaba, kwenye mpaka wa Kenya na Uganda.

Katika miji hiyo, swali linaloulizwa zaidi kwa simu jioni ni fupi mno: "Uko wapi?" Anayeuliza huenda yuko Mombasa, Nakuru au Eldoret, na anayeulizwa ni dereva wa lori la masafa marefu. Jibu nalo huwa fupi: "Nimeshavuka. Niko Tororo." Pengine ni kweli. Pengine pia lori limeegeshwa Malaba tangu adhuhuri, na aliyelijibu swali hilo ameketi katika chumba cha kupanga huku akingojea chakula kinachopikwa na mwanamke mwingine ambaye, kwa upande wake, ameambiwa kwamba mgeni wake hana mke. Kitenzi "nimeshavuka" kimetamkwa mara moja tu, nacho kimewadanganya watu wawili kwa pamoja.

Si haki kuwasingizia madereva wote, wala wao si peke yao. Wapo pia wanawake wafanyao biashara ya kuvuka na kurejea, wakiuza nafaka, samaki, mitumba na matunda, ambao waume zao huachwa nyumbani wakihesabu siku. Uongo haumjui mume wala mke. Hata hivyo, mahali pana mchango wake katika tabia ya watu. Barabara kuu itokayo bandarini Mombasa hadi Malaba ina urefu wa zaidi ya kilomita 900, na malori huweza kukwama hapo kwa siku kadhaa. Mwezi wa Aprili na Mei mwaka 2020, wakati madereva walipokuwa wakipimwa ugonjwa wa korona, foleni za Malaba zilifikia makumi ya kilomita; na mwezi wa Januari mwaka 2022 mgomo wa madereva kuhusu ada za upimaji ulizirejesha foleni hizo. Mtu akiwa mbali na nyumbani kwa muda mrefu kiasi hicho, huku mfukoni ana laini mbili za simu, moja ya Kenya na moja ya Uganda, si ajabu akaanza kuwa na maisha mawili.

Fauka ya hayo, mpaka wenyewe ulizaliwa kwa maneno ya watu waliokuwa mbali. Mwaka 1902 serikali ya Uingereza iliuhamisha Mkoa wa Mashariki wa Uganda na kuutia katika himaya ya Afrika Mashariki iliyokuja kuwa Kenya. Hatimaye Wateso na Wasamia wakajikuta na ndugu zao ng'ambo ya pili, ilhali hawakuhama hata hatua moja. Tangu hapo, kuvuka kumekuwa jambo la kila siku, na kuficha kilichovushwa kumekuwa ujuzi. Neno "magendo" lilivuma sana eneo hili katika miaka ya 1970, uchumi wa Uganda ulipoporomoka chini ya utawala wa Idi Amin. "Njia za panya" zingali zikijulikana kwa wenyeji hata baada ya kituo cha pamoja cha forodha cha Busia kuzinduliwa rasmi na Marais Uhuru Kenyatta na Yoweri Museveni mwezi wa Februari mwaka 2018. Hata neno "bodaboda", ambalo sasa ni mali ya Afrika Mashariki nzima, lilizaliwa mpakani hapo, waendesha baiskeli walipokuwa wakiwaita abiria wa kuvushwa kutoka boda moja hadi boda nyingine. Mji unaoishi kwa kuvusha hujifunza kutouliza mzigo umebeba nini. Tatizo ni kwamba mazoea hayo ya sokoni huingia chumbani, na mke au mume naye akaanza kutouliza.

Lugha nayo imeusaidia ukimya huo. Nchini Kenya uzinifu umepewa jina la upole: "mpango wa kando". Hebu msomaji alitafakari jina hili. "Mpango" ni neno la watu wenye nidhamu. Serikali ina mipango, familia huwa na mpango wa uzazi. "Kando" ni mahali pasipomzuia yeyote kupita njiani. Maneno mawili yaliyo safi yameunganishwa, na kitendo cha kumvunja mtu moyo kikafanana na bustani ndogo iliyo pembeni mwa shamba. Mwaka 2013 tangazo la televisheni lililohimiza matumizi ya kondomu, lililomwonyesha mwanamke aliyeolewa akiwa na mpango wa kando, liliondolewa hewani baada ya viongozi wa dini kulalamika. Tangazo likaondoka, jina likabaki. Waama, tangazo halikuleta tabia hiyo, lakini jina limeifanya iweze kutajwa bila aibu, na kisichoona aibu kikitajwa hakioni aibu kikitendwa.

Hapa ndipo hoja ya makala haya ilipo. Wengi hudhani kwamba kumkabili mwenzi asiye mwaminifu ni kutoa habari tu: nilichokijua kimya sasa nakisema kwa sauti, basi. Lau ingekuwa hivyo, neno lisingekuwa na hatari yoyote, kwa kuwa aghalabu wote wawili huwa wanajua tayari. Mke anajua; mume anajua kwamba mke anajua; jirani auzaye chai anajua zaidi ya wote wawili. Mbona basi nyumba hutikisika siku ile neno moja, "Najua," linapotamkwa? Mwanafalsafa wa Kiingereza J. L. Austin, katika mihadhara aliyoitoa Chuo Kikuu cha Harvard mwaka 1955 na iliyochapishwa mwaka 1962 baada ya kifo chake, alieleza kwamba yapo maneno ambayo hayaarifu bali hutenda. Anayetamka kiapo cha ndoa haelezi ndoa, anaoa. Waswahili hawakuhitaji kungoja Harvard ili kulitambua hilo. Katika sheria ya Kiislamu, talaka hutimia kwa kutamkwa, na mume aliyeitamka hawezi kujitetea kwamba alikuwa akizungumza tu.

"Najua" ni neno la aina hiyo. Kabla halijatamkwa, mke anaweza kumpakulia mume wake chakula na wote wawili wakaishi katika makubaliano ya kimya kwamba hakuna kilichotokea. Likishatamkwa, kuendelea kupakua chakula kunakuwa na maana mpya: ni kusamehe, au ni kusubiri, au ni kushindwa. Mume naye hawezi tena kunyamaza bila ukimya wake kuwa jibu. Neno limewahamisha wote wawili na kuwaweka ng'ambo ya pili ya mto, na kama ilivyo kwa maji yaliyomwagika, halizoleki.

Maadamu neno lina nguvu hiyo, namna linavyoundwa ni suala la uhai wa ndoa. Wanafunzi wa sarufi wangefanya vyema kulisikiliza kwa makini, kwa maana viambishi wanavyovichambua ubaoni ndivyo vinavyojenga au kubomoa nyumba za watu. Mathalani, yapo masafa marefu kati ya "Ulisema uongo" na "Wewe ni mwongo". Sentensi ya kwanza ina kitenzi na ina wakati. Jambo lilitendwa jana, na kesho linaweza lisitendwe. Sentensi ya pili imekiondoa kitenzi na kumtia mtu katika ngeli. Kitendo kimegeuka kuwa asili yake. Anayeambiwa kwamba alisema uongo ana nafasi ya kusema kweli. Anayeambiwa kwamba yeye ni mwongo amefungiwa mlango hata kabla hajafungua kinywa.

Majibu ya anayekabiliwa nayo yana sarufi yake, na humo ndimo hila nyingi hujificha. Yupo anayejibu, "Nilikosea." Msikilizaji asiye makini huridhika, akidhani ameombwa radhi. Kumbe "nilikosea" yaweza kusemwa na mtu aliyekosea njia au hesabu. Ndani yake hamna aliyedhulumiwa. Kiambishi kimoja kinakosekana. "Nilikukosea" ni kauli nyingine kabisa, kwa kuwa silabi "ku" imemrejesha mke ndani ya sentensi, akaonekana. Yupo mwingine anayekimbilia kauli ya kutendana: "Tumekosana." Kwa kiambishi "-an-" kosa la mmoja limegawanywa sawasawa baina ya wawili, na aliyesalitiwa ameondoka na nusu ya lawama. Mbaya zaidi ni yule anayesema, "Ulidanganyika," ambapo mdanganyaji ametoweka kabisa na aliyebaki kwenye sentensi ni mjinga aliyedanganyika mwenyewe. Mke au mume anayetaka ukweli hana budi kusikiliza viambishi hivi. Toba ya kweli huanza siku ile mtenda na mtendwa wanapotajwa wote wawili katika kitenzi kimoja.

Kuna jambo jingine linaloifanya Busia na Malaba kuwa darasa la pekee. Wapenzi wengi wa mpakani hawana lugha ya mama moja. Mwanamke huenda ni Mteso au Mkhayo. Mwanamume huenda ni Mkikuyu, Msomali, Mganda au Mnyankole. Wametongozana kwa Kiswahili, wamepatana kwa Kiswahili, na wakigombana hawana budi kugombana kwa Kiswahili. Lugha ambayo wote wawili waliiokota njiani ndiyo inayopaswa kubeba uchungu wao mzito. Kwa mmoja wao lugha hiyo huenda ikawa na kumbukumbu ya hofu, kwa kuwa nchini Uganda Kiswahili kilisikika kwa miaka mingi vinywani mwa wanajeshi, na Katiba ya nchi hiyo ilikitambua kuwa lugha rasmi ya pili kwa marekebisho ya mwaka 2005 pekee. "Kuja hapa!" inayosemwa kwa haraka na mzungumzaji asiyejua adabu ya "njoo" yaweza kusikika kama amri ya kambini. Wakati mwingine aliyeumizwa huacha Kiswahili katikati ya sentensi na kurudi kwenye lugha ya mama yake, si kwa kuwa amekosa msamiati, bali kwa kuwa hataki tena kueleweka na mtu yule. Kuhama huko kwa lugha ni kauli kuliko kauli zote alizozitamka.

Wapo watakaopinga. Watasema kwamba ndoa nyingi zimedumu kwa sababu mtu mmoja alijua kunyamaza, na kwamba kumkabili mwenzi ni kuwavunjia watoto nyumba. Hoja hii si ya kupuuzwa, na ina mizizi mirefu katika fasihi. Mwana Kupona binti Mshamu wa Pate, katika utendi aliomtungia binti yake mwaka 1858, aliutia ulimi wenye adabu miongoni mwa mambo ya kwanza ya kumwusia. Wanawake wa pwani nao hawakukosa njia: waliweza kuvaa leso yenye maneno ya kumfikia mume au mke mwenza bila midomo kufunguka. Fumbo huokoa uso wa anayesema na wa anayesemwa. Pale ambapo mkono wa mume ni mwepesi kuliko sikio lake, fumbo, au hata ukimya wa muda hadi msaada upatikane, ni busara na wala si woga. Hakuna mwenye haki ya kumhimiza mwanamke aliyemo hatarini aseme ukweli jikoni usiku wa manane akiwa peke yake. Kwa huyo ipo Sheria ya Kinga dhidi ya Unyanyasaji wa Nyumbani ya mwaka 2015, na yapo masikio ya nje.

Lakini hoja ya ukimya ina kasoro kubwa. Inachukulia kwamba nyumba ni nzima hadi neno litamkwe, ilhali ufa ulishaingia zamani. Inachukulia vilevile kwamba madhara ya uongo ni ya moyo tu. Mpakani si hivyo. Miji ya njia kuu ya malori iliumizwa vibaya na Ukimwi, na humo uongo wa chumbani umewahi kuwa maradhi ya mwilini. Mficha maradhi kifo humuumbua, na hapo mwenye kuumbuliwa si mficha pekee. Kenya ilijaribu kuulazimisha ukweli kwa sheria: Kifungu cha 24 cha sheria ya Ukimwi ya mwaka 2006 kilimtaka aliyeambukizwa amjulishe mwenzake, na kikaweka adhabu. Mwaka 2015 Mahakama Kuu ilikibatilisha, miongoni mwa sababu zake ikiwa kwamba maneno yake hayakuwa bayana. Haikuelezwa hasa ni uhusiano wa aina gani uliokusudiwa. Funzo lake ni la wanafasihi na wanasheria pia: ukweli wa wapenzi hauwezi kutolewa kwa kifungu kisichojua kulitaja jambo kwa jina lake.

Sheria nyingine nayo ilionyesha ni nani aliyetakiwa kunyamaza. Mwezi wa Machi mwaka 2014, Mswada wa Ndoa ulipokuwa bungeni, wabunge walikiondoa kipengele ambacho kingempa mke wa kwanza nafasi ya kutoa kauli yake kabla ya mumewe kuoa mwingine kwa mila. Wabunge wa kike walitoka ukumbini kwa hasira. Mswada ukawa sheria. Katiba ya mwaka 2010 ilikuwa imeshatamka, katika Kifungu cha 45, kwamba wanandoa wana haki sawa wakati wa kufunga ndoa, wakiwa ndani yake na inapovunjika. Ni usawa gani huo ambapo mmoja anaarifiwa baada ya jambo kuisha, au haarifiwi kamwe?

Njia iliyo bora kuliko ukimya na kuliko ghadhabu imo katika msamiati wa Kiswahili chenyewe. Lugha hii inatofautisha mambo ambayo watu wenye hasira huyachanganya. Kuna kusimanga, ambako ni kumtolea mtu wema wote uliomtendea ili aone haya. Kuna kukashifu, ambako ni kumvua nguo hadharani. Kuna kuteta, ambako hakuna mwisho. Na kuna kusuta: kumweka mtu mbele ya uongo wake mwenyewe, kwa ushahidi na kwa mashahidi, hadi auone. Katika mila ya pwani, wanawake walikwenda kumsuta mzushi kwa pamoja, ili neno lisiwe la mmoja dhidi ya mmoja. Na ni kitenzi hichohicho kinachotumika inaposemwa kwamba nafsi inamsuta mtu. Waliounda matumizi hayo walielewa jambo kubwa: lengo la kumkabili mwongo si kumshinda, bali ni kumfikisha mahali ambapo nafsi yake itaendeleza kazi iliyoanzishwa na ulimi wa mwenzake.

Busia na Malaba wana mashahidi wao. Wapo waliosimamia mahari ya ng'ombe, wapo wazee wa ukoo, yupo liguru, na kuna ofisi ya chifu. Waliosikia ahadi ikitolewa wana haki ya kusikia ikiulizwa. Lakini tatizo la leo ni kwamba mahusiano mengi ya mpakani hayakuanza na shahidi yeyote. Mtu alipanga chumba, mwingine akaleta mkoba, na siku zikapita. Ahadi ambayo haikutamkwa mbele ya mtu ni vigumu kumsuta mtu kwayo. Kwa hivyo neno la kweli linapaswa kuanza mapema, kabla ya kosa: "Je, una mke? Yuko wapi? Nitajulikana na nani?" Maswali matatu haya yakiulizwa mwanzoni huenda yakamfukuza mpenzi. Yasipoulizwa, yatarudi miaka mitano baadaye yakiwa na watoto.

Wataalamu wa fasihi wamezoea kuutafuta usaliti wa ndoa vitabuni. Wameusoma katika Kiu (1972) ya Mohamed Suleiman Mohamed, ambamo Idi anamlaghai Bahati huku macho yake yakiwa kwenye mali, na wamefanya vyema. Lakini Chuo Kikuu cha Alupe, kilichopewa hati yake mwaka 2022, kimesimama kando ya barabara iungayo Busia na Malaba, na vyuo vya Kibabii, Masinde Muliro, Maseno na Moi haviko mbali. Kiswahili cha watu wanaogombana, wanaokana, wanaokiri na wanaosameheana kinasemwa kila jioni karibu na madarasa hayo, na ni wachache waliokwenda kukisikiliza kwa adabu na kwa idhini ya wenyewe. Tasnifu ya uzamili juu ya namna wanandoa wa mpakani wanavyoombana radhi isingekuwa na thamani ndogo kuliko nyingine yoyote.

Jioni nyingine itafika, simu italia, na swali litaulizwa tena: "Uko wapi?" Anayejibu atakuwa na maneno mawili mkononi. Akisema, "Niko Malaba, na kuna jambo lazima nikwambie," huenda akaipoteza ndoa yake usiku huohuo. Akisema, "Nimeshavuka," ataendelea kuwa na mke anayezungumza na mtu asiyekuwepo. Jibu la kwanza ni zito, lakini ni lile tu linaloacha watu wawili halisi kwenye ncha mbili za simu.